Sala Isiyopokelewa

Kama halipo, basi laja. Siku hizo tafsiri za Sala ya Bwana zilikuwa marufuku. Watu waliisali kwa Kiaramu tu, kama Bwana mwenyewe alivyoitamka. Wakesho hakuona ubaya. Bintiye, Mghoi, alifundishwa na mashine ya shuleni, naye akaishika barabara.

Sasa mama yake Wakesho alikuwa kitandani, roho ikiaga.

"Nisindikizeni na Baba Yetu," aliomba.

Mghoi akaisali yote kwa Kiaramu, bila kukwama.

"Hee, mjukuu wangu, ulimi umepakwa mafuta!" bibi akatabasamu. "Lakini mimi umeniacha nje. Nataka ile yetu ya Kiswahili. Nitaanza, ninyi mpokee."

Akaanza taratibu. Alipofika kwenye mkate wa kila siku, pumzi ikamwishia. Akawatazama, akingoja.

"Mama, pokea!" Mghoi akanong'ona.

Wakesho akafumbua kinywa. Aliyatafuta maneno aliyolelewa nayo, hakuliona hata moja.

"Amina," akasema, machozi yakimtoka.

Bibi akamkazia macho, kama mtu aliyeachwa katikati ya safari, kisha akayafumba.