Kazi Teule za Marehemu Lothrop

"Kata mpaka hapa," alisema Bi Lothrop, akiweka ukucha chini ya mstari. "Kuanzia 'mjinga' mpaka mwisho wa aya."

Asahel Sprague alikata. Kipande kikaanguka mezani, naye Honora, mpishi, akakizoa pamoja na vingine na kuvitia kwenye jiko la kuni.

"Marehemu anawaka vizuri, mama," alisema. "Maharage ya leo yataiva mapema."

"Alikuwa mkavu tangu ujanani, Honora. Ongeza na hivi."

Ilikuwa siku ya tano ya kazi. Mchapishaji wa Boston alitaka juzuu mbili kabla ya majani kupukutika: insha na tahakiki za Ephraim Lothrop, mtu ambaye kwa miaka thelathini aliamua nani ni mwandishi na nani si mwandishi katika Massachusetts nzima. Mjane wake ndiye aliyekuwa akiteua, na aliteua kwa mkasi. Penye kejeli, kata. Penye tusi, kata. Yaliyobaki, kuhusu wajibu, mawingu na faida za kuamka alfajiri, Asahel aliyabandika kwa gundi kwenye karatasi safi.

Aliajiriwa kwa sababu ya mwandiko wake mzuri. Yeye aliikubali kazi kwa sababu nyingine. Miaka ishirini na miwili iliyopita alitoa kitabu cha mashairi, na Lothrop akakimaliza kwa sentensi tatu: "Bwana Sprague amekaa kando ya mto miaka miwili, akiandika. Mto umeshafika baharini. Yeye yupo palepale." Mji mzima wa Salem ulizikariri. Hata muuza samaki alimwuliza kama mto haujambo. Asahel hakutunga tena. Aliishia kunakili hati za mahakama.

Sasa alitaka sentensi zile zichapwe, na nyingine zote za namna hiyo, ili watu wamjue vizuri yule waliyemzika kwa kengele na hotuba. Alikuwa radhi kuchekwa mara ya pili.

Alasiri walifika kwenye insha kuhusu wasichana wanaotunga mashairi. Asahel alisoma aya ya tatu kimyakimya, na kabla hajajizuia, akacheka kwa sauti.

Bi Lothrop aliinua macho.

"Nisamehe, mama."

"Nikusamehe nini? Inachekesha. Hata mimi nilicheka aliponisomea. Tulikuwa na wageni sita mezani, mmoja akapaliwa na supu." Aliinyoosha karatasi kwa kiganja. "Thirza naye alikuwepo. Binti yetu. Beti zilizonukuliwa hapo ni zake. Baba yake alizikuta kwenye dawati lake."

Asahel alijua tu kwamba Thirza Lothrop alihamia Ohio zamani, na hakuonekana mazishini.

"Kata," alisema Bi Lothrop.

Asahel aliushika mkasi bila kuufungua. "Kwa ajili ya binti yako, iache hii. Watu waijue."

"Kata, Bwana Sprague."

"Magazeti yaliyoichapa yalishafungia samaki, mama. Kitabu ndicho kitakachobaki. Tukiiondoa humu, itakuwa kana kwamba hakuisema."

"Unanifundisha kazi ya kitabu? Nimesema kata."

Alikata. Lakini Bi Lothrop alipogeuka kumweleza Honora habari za mkate, Asahel aliikunja karatasi ile akaitia mfukoni mwa koti, pamoja na ile ya mto aliyokuwa ameificha tangu Jumanne. Angezipeleka Boston mwenyewe. Mchapishaji ndiye aamue.

Saa kumi na moja alivaa kofia yake. Alipofika mlangoni alimkuta Bi Lothrop amesimama, mkono ameunyoosha.

"Mbili," alisema. "Ya mto, na ya Thirza."

Asahel alizitoa mfukoni, lakini hakumpa. Miaka yote ishirini na miwili ikamtoka kwa mkupuo.

"Unamwosha! Aliwachinja watu kwa kalamu, binti yako akiwemo, na wewe unampaka asali ili wajukuu wa watu wamwone malaika! Unampenda kiasi hicho, mpaka leo?"

Honora alichungulia kutoka jikoni, mwiko mkononi, akarudi upesi.

Bi Lothrop hakupandisha sauti. "Wewe ulitaka kimpate nini?"

"Watu wamchukie."

"Watamchukia. Halafu watamkariri. Watasomeana baada ya chakula huku wakishika mbavu, wao na watoto wao, miaka mia moja." Alizichukua karatasi zile kutoka vidoleni mwake, na Asahel hakuzing'ang'ania. "Mimi nimemsikiliza miaka thelathini na moja, Bwana Sprague. Hayo ninayokuachia uyabandike ndiyo yaliyokuwa yakiniletea usingizi kabla hajageuza ukurasa. Hayo hayakaririwi na mtu."

Alimfungulia mlango.

"Kesho njoo mapema. Juzuu ya pili bado inapumua."