Kisa cha Mwisho cha Mwalimu Shekuwe

Msiulize ilianzaje, lakini zama zile somo likimwingia mwanafunzi lilimtoka mwalimu, kama maji yanavyohama mtungini kuingia kwenye kata ya kunywea. Mwalimu Shekuwe, mtunzi wa hadithi za sayari za mbali, alifundisha utunzi miaka thelathini, na sayari zote zikamhama. Siku moja darasa likamkodolea macho. Akapapasa kichwani, akakuta kisa kimoja tu: kijana anavuka mto uliofurika, mbuzi wa mahari mabegani, akimfuata mchumba. Akakidhani cha kubuni, akakifundisha.

Nyumbani akamkuta Mwanakheri, mkewe aliyeishi naye miaka arobaini, anapakua wali.

“Shikamoo, mama. Mwenye nyumba yupo?”

“Acha masihara yako, mzee!” Mwanakheri akacheka, kisha akaona anacheka peke yake. “Shekuwe! Nani alivuka mto na mbuzi mabegani, akaja kunioa?”

Macho ya mzee yakang’aa. Akatoa kalamu.

“Kisa kitamu hicho, mama. Sina kingine. Nifundishe.”

Mwanakheri akafungua kinywa, halafu akakiziba kwa upindo wa kanga. Akimfundisha, kitamtoka yeye, naye atabaki kumshangaa mzee huyu asiyemjua, anayekula wali wake.