Kilio cha Chumba cha Kona

Lilisikika kofi. Kisha kilio cha mwanamke, kimezibwa na mlango mzito wa chumba cha kona.

Gerishon, mlinzi wa ghorofa ya tisa ya hoteli, alikunja uso. Kila alasiri ilikuwa hivyo tangu Imogen Thorley afike Doha kwa tamasha la filamu. Mwingereza huyo alikuwa amelia miaka ishirini katika filamu za Wafaransa na Wataliano, zile ambamo hakuna kinachotokea ila mwanamke kupigwa, kisha kutazama dirishani. Kwa hayo alipewa tuzo.

"Anajizaba makofi mwenyewe," alimwambia dada yake Ijumaa, walipotoka kanisani mtaa wa Mesaimeer. "Watu wanapigwa bure kwenye majumba ya hapa, na huyu anashangiliwa kwa kulia. Nasikia kutapika."

"Wacha zako. Ni mazoezi," alisema Milcah, aliyekisafisha chumba hicho. "Kila msanii na njia yake."

"Na wewe huwa wapi akijipiga?"

"Bafuni. Nakunja taulo."

Gerishon alimtazama, akacheka. "Na poda yote hiyo? Kwani umeshakuwa nyota pia?"

Milcah hakucheka. "Mkataba wangu unaisha mwezi huu. Msimamizi amesema huyu mama akiridhika nami, nabaki. Akilalamika, narudi Kitale, na unajua watoto watakula nini. Kwa hivyo usiguse ule mlango, Gerishon. Hata usikie nini."

Alikubali, shingo upande.

Jumatatu Imogen alihojiwa ukumbini, chini ya taa kali. Alivaa nguo nyeupe, akaongea taratibu kama mtu anayesali.

"Machozi ya bandia yananichefua," alisema. "Mimi nataka ya kweli. Kazi yangu yote imesimama hapo."

Waandishi walipiga makofi. Gerishon alirudi zake juu kusimama kwenye lindo lake. Baadaye kidogo mwigizaji naye alipanda, akampita bila salamu.

Haikuchukua muda. Kofi. Kilio.

Redio yake ikakoroma: gari la mgeni limefika, aambiwe ashuke. Gerishon alingoja kilio kiishe, kwa sababu alikuwa ametoa neno lake. Kilipokwisha alisogea mlangoni. Haukuwa umefungwa, toroli ya taulo ilikuwa imeukwamisha.

Imogen alisimama mbele ya kioo, macho makavu, akijaribu kukitoa kilio kile kile kooni mwake. Alijaribu mara ya pili. Akatikisa kichwa, hakuridhika.

Nyuma yake Milcah alikuwa amepiga magoti zuliani, poda imemyeyuka shavuni, alama za vidole zikionekana chini yake.

"Samahani, madam," alisema. "Kesho nitalia vizuri zaidi."