Bei Isiyoenea Shimoni

Zama ambazo wanyama waliuziana mashimo, Nungunungu alimtajia Kuchakuro bei ya shimo lake.

"Karanga tano tu kila asubuhi, kwa misimu kumi."

Kuchakuro akacheka. "Karanga tano si kitu. Tunahamia leo."

Mkewe, aliyekuwa mjamzito na asiyeamini jambo mpaka alione, akasema, "Subiri kwanza, mume wangu." Akaanza kutumbukiza shimoni kijiwe kimoja kwa kila karanga watakayolipa. Hata karanga za msimu wa tatu hajamaliza kuzihesabu, shimo likajaa pomoni.

"Bwana Nungunungu," akasema, "bei yako yenyewe haienei humu. Mimi na wanangu tutaenea wapi?"

Jioni hiyo wakaanza kuchimba lao, huku wakitafuna karanga tano za kwanza.