Mteja Wangu Hawezi Kukubali

Kofi la kwanza lilichukua miwani ya wakili. La pili likamchukua wakili mwenyewe, likamtua chini ya meza yake, katikati ya mafaili.

"Iondoe ile rufaa," alisema bonge la mtu, kiatu juu ya tai ya wakili. "Leo. Mara tisa nimepanda ngazi zako, mara tisa naambiwa uko mahakamani."

Bila miwani, wakili hakutofautisha mtu na kabati. Aliona vivuli viwili tu: huyo bonge, na mwembamba aliyeegemea mlango asipite mtu. Mwembamba hakuwa na sikio la kushoto, lakini hilo wakili hakuliona. Karani alikaa nyuma ya taipureta.

"Mmetumwa na mdogo mtu!" wakili alifoka. "Mwambieni nyumba ya marehemu baba yao ni ya mteja wangu, yote, msingi hadi kenchi za paa. Alimng'ata mdogo wake sikio kwa ajili ya nyumba ile, leo aiache?"

Mwembamba alijipapasa pale sikio lilipokuwa, akacheka puani.

Bonge hakucheka. Alimnyanyua wakili kwa kola, akambamiza kabatini. Rafu ikakatika, kesi za watu zikammwagikia kichwani.

"Miaka kumi na moja nyumba haiguswi hata msumari, eti mpaka rufaa iishe! Juzi paa limeingia ndani. Mama anapika amefungua mwavuli. Iondoe, ifunguliwe kesi ya kugawana, kila mtu aezeke upande wake."

"Mteja wangu hawezi kukubali nusu!"

Ngumi. Jino likaruka, likagonga taipureta, kli!

"Namjua kama mwanangu!" wakili alitema damu. "Nitampigania hadi kaburini!"

"Ndiko unakoelekea, mzee," alisema mwembamba.

Kiti kilipovunjikia mgongoni, wakili alinyoosha mkono. "Basi! Karani, andika."

Karani akaandika. Jina la mrufani aliliandika bila kufungua faili, akachomoa karatasi, kisha akamsogezea bonge kiti kilichosalia.

Wakili alitia sahihi, damu ikagonga muhuri. Halafu akacheka kwa pengo lake jipya.

"Kazi bure, mabwana. Bila sahihi ya mrufani mwenyewe, hiyo ni karatasi ya kufungia sabuni. Na mteja wangu hamtampata ng'o!"

Bonge alichukua kalamu, akasaini polepole, ncha ya ulimi nje.

"Unaghushi! Hiyo ni jela!"

Bonge aliinama, akaokota miwani iliyobaki kioo kimoja, akaifuta kwa shati, akamvisha wakili taratibu kama anavyovishwa mgonjwa.

Wakili akatazama. Akaitazama sahihi, kisha tena uso wa bonge.

"Kaka," mwembamba aliita kutoka mlangoni, "kwenye hiyo ya kugawana, mwambie wakili wako asisahau choo."