Hodi Tatu

Kitu cha kwanza alichokiona Mwanakheri ni kwamba nyumba zile za mawe hazikuwa na milango. Ilikuwa siku ya tatu ya safari ya milimani. Wenzake walitembea wawili wawili. Yeye alikuwa nyuma, peke yake.

Mbele ya magofu kiongozi wao, Mzee Shaweji, akasimama. “Hodi! Hodi! Hodi!”

“Watu waliokufa zamani hivyo watakujibu, mzee?” mmoja akamtania. “Au unaogopa kuwakuta wanaoga?”

“Adabu haizeeki, bwana. Kwa walio hai, usipojibiwa mara ya tatu, unarudi. Hapa kimya ndiyo karibu yao.”

Wakacheka, wakaingia, wakapiga picha, wakatoka. Mwanakheri akabaki ndani, ukungu ukipita pale palipokuwa na paa.

Siku ile waliyogombana, mama yake alikuja akapiga hodi tatu. Yeye alikaa kimya nyuma ya mlango, akisikia ndara za mama zikiondoka. Mama alikufa kabla hawajaonana tena.

Nje walikuwa wakimwita. Aliutazama mlango mtupu.

“Karibu, mama,” akasema. “Nilikuwamo.”