Mgeni wa Saa Kumi

Unywele ulikuwa mweupe, mrefu, umejilaza begani mwa koti la mumewe kama mtu aliyefika kwake. Mke aliuokota kwa vidole viwili, akauinua penye mwanga wa dirisha. Katika nyumba ile walikuwa wawili tu, na hakuna aliyekuwa na mvi.

Alikuwa fundi miwani. Kuona vitu vidogo ndiyo kazi iliyomlisha. Mwezi huo alikuwa ameona vingi. Kwanza harufu ya dawa ya kuchua kwenye mikono ya shati. Halafu hii tabia mpya: kila siku, saa kumi na nusu, mumewe alitoka chumba cha kusomea akitabasamu peke yake, macho yamemlowa, kama mtu aliyetoka kumsindikiza mpenzi kituoni.

Mumewe watu walimwita Dokta, ingawa hakuwahi kumtibu mtu. Alifundisha muziki chuoni, na kwa miaka kumi na tano alikuwa ameandika juu ya jambo moja: kwamba fidla ikikazwa nyuzi kwa namna fulani, wakati hulegea. Wenzake walimcheka, mpaka alipowapigia. Wimbo wa kwanza, chai zikapoa vikombeni kabla hawajazipuliza. Wa pili, mkuu wa idara akajikuta anaanza upya kichekesho alichokwisha kukimaliza. Tangu hapo hakuna aliyecheka.

"Nikipiga, nyuma nakwenda kwa shida," Dokta alimwambia mkewe siku moja. "Mbele ndiko kwepesi."

Mke hakuuliza zaidi. Yeye aliolewa na mume, si na kalenda.

Jumatatu Dokta alimfuata dukani. "Nitengenezee miwani ya kusomea, namba tatu. Fremu iwe nyepesi."

"Ya nani?"

"Ya mtu mzima mmoja."

"Mtu mzima ana uso. Mpana au mwembamba?"

Dokta alimtazama usoni. "Pima wako tu. Mko sawasawa."

Mke alivikata vile vioo meno yameumana. Uso wake apimiwe hawara! Mchana wifi yake, dada wa Dokta, alipopita kumsalimu, hakuweza kujizuia.

"Wifi, kaka yako ana mwanamke."

"Yule?" Wifi alicheka. "Kukutongoza wewe tu kulimchukua miaka miwili. Huyo mwingine alimwanza vipi?"

"Na si msichana! Angekuwa msichana ningesema shetani kampitia. Ajuza, wifi! Mwenye mvi na viungo vinavyouma! Mimi nimekosa nini?"

Wifi aliacha kucheka. "Kikulacho ki nguoni mwako," alisema. "Kamtazame kwa macho yako, ndipo useme."

Alhamisi mke alifunga duka, akarudi nyumbani. Saa kumi na dakika tano alikuwa sebuleni, viatu mkononi, sikio kwenye mlango wa chumba cha kusomea. Ndani fidla ililia polepole, wimbo asioujua. Kisha sauti ya mwanamke, nzito kwa umri, ikacheka kicheko cha mtu aliye nyumbani kwake.

"Leo umechelewa. Nimekungoja tangu asubuhi."

"Jana nilichelewa zaidi," Dokta alijibu bila kuacha kupiga. "Yeye alikuwa anapiga pasi hapo nje. Nisingeweza kuanza."

Yeye! Miaka kumi na miwili ya ndoa, na leo amekuwa "yeye". Wivu ukafura ndani yake kama maziwa jikoni. Akausukuma mlango kwa bega.

Chumba kilikuwa kile kile, ila kuta zilikuwa za rangi nyingine, na dirisha lilizibwa na mti mkubwa pale ambapo asubuhi alimwagilia mche. Hakuvijali. Alichokiona ni mumewe, amefumba macho, upinde unakwenda na kurudi, machozi yanamshuka. Na kizee aliyekaa mbele yake, mkono umetulia juu ya goti la Dokta.

"Mwondolee mkono mume wangu!"

Kizee hakushtuka. Aligeuka taratibu na kumtazama kwa jicho la kijicho, jicho ambalo mke alilijua vema, maana alikuwa amelibeba mwezi mzima.

"Sema polepole, wimbo utakatika," alisema. "Nakumbuka hasira niliyokuwa nayo siku niliyousukuma mlango huo. Lakini wa kuonewa wivu ni wewe, mwenzangu. Mimi ninayo nusu saa yake tu kwa siku. Wewe bado unaye, asubuhi hadi usiku, mpaka ile Oktoba niliyomzika."